Ng'ambo ya Ng'ambo

Sisi watu wa Likoni tuna Mombasa mbili. Nikiwa Nairobi au Tanga, nikaulizwa kwetu ni wapi, nasema Mombasa, na kitambulisho changu kinanishuhudia. Lakini asubuhi nikiwa mlangoni pangu Shika Adabu, mkoba begani, jirani akaniuliza niendako, najibu: "Naenda Mombasa." Wala hacheki, maana naye ana zake mbili. Hiyo ya pili ni kisiwa, kiko upande wa pili wa maji, na maji yenyewe hayatimizi hata kilomita moja. Wa kisiwani wakitutaja sisi husema "ng'ambo". Sisi tukiwataja wao tunasema "ng'ambo". Neno moja, tunarushiana kama mpira.

Sikuwahi kulishughulikia sana neno hilo mpaka likizo ya Agosti, alipokuja mtoto wa kaka yangu, kijana wa miaka kumi na miwili, mzaliwa wa Nairobi. Alikuja kwa treni. Treni hii iliyoanza mwaka 2017 haiingii kisiwani kama ile ya zamani; inakoma Miritini, huku bara, na kutoka Miritini tulimleta nyumbani kwa barabara ya Dongo Kundu, juu ya madaraja yanayovuka mikoko, mpaka Likoni. Hakukanyaga kisiwa wala hakuiona feri. Siku ya tatu akaniuliza kwa adabu kabisa, "Shangazi, Mombasa tutaenda lini?"

Basi nikafanya jambo ambalo kwa miaka yangu hamsini na mitatu sikuwahi kulifanya: nililipa nitembezwe Mombasa. Safari ya siku moja, kwa miguu, Ngome na Mji wa Kale, pamoja na mtu wa kutueleza. Tangazo nililotumiwa kwenye simu lilisema tutazuru "mji mkuu wa dola za zamani". Dola zipi, halikusema. Na huyo mtu wa kutueleza nimwiteje? Vijana wa kazi hiyo hujiita kwa neno la Kiingereza, ambalo ukilitia ulimi wetu na kulimalizia kwa irabu, kama ilivyo ada, unapata gaidi. Kwa mji uliokwisha kukimbiwa na wageni kwa sababu ya magaidi wa kweli, mzaha huo una uchungu. Nitamwita mtembezaji.

Tulivuka saa mbili kasoro asubuhi, saa ambayo Likoni nzima inateremka kwenye kivuko kama maji ya mvua. Husemwa kuwa feri hizi huvusha watu zaidi ya laki tatu kwa siku. Mimi hesabu sijaifanya, ila najua visigino vyangu vimekanyagwa na wangapi. Mtu wa miguu halipi. Unasimama nyuma ya uzio, mlango unafunguliwa, unabebwa na umati kabla hujaamua kwenda. Mtoto alinishika mkono kwa nguvu. Ndani ya feri alitaka kusimama pembeni atazame meli za makasha zikiingia Kilindini, nami nikamrudisha katikati. Alidhani ni ukali wa shangazi. Tuliokuwa watu wazima tarehe 29 Aprili 1994, feri ilipopinduka Mtongwe na kuua watu 272, hatusimamishi watoto pembeni.

Mtembezaji alitungoja mbele ya Ngome ya Yesu, kitambulisho shingoni. Kundi lilikuwa dogo: Wajerumani wawili, familia moja kutoka Kisumu, na sisi. Alituanza wote kwa ile "jambo" ya hotelini, kisha akaitazama leso yangu, akashusha sauti.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu."

Tangu hapo alikuwa na mazungumzo mawili, ya kundi na ya kwangu. Alipomaliza kuwaambia wageni jambo, aligeuka akanitupia jicho kana kwamba naweza kumsuta. Sikuweza. Historia ya Ngome niliisoma shuleni kama wote tulivyoisoma, kwa ajili ya mtihani, nikaisahau wiki iliyofuata.

Aliieleza vizuri, na nampa haki yake. Wareno waliianza mwaka 1593, kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, Mtaliano wa Milano aliyekuwa akiutumikia ufalme wa Ureno. Kuta ni za mawe ya matumbawe, na ukiitazama kutoka juu ina umbo la mtu aliyelala chali, kichwa kuelekea baharini. Hapo wageni wote huinua simu. Kapteni wa Mombasa, akasema mtembezaji, ndiye aliyekuwa akiishika pwani yote hii kwa niaba ya Ureno. Kwa hiyo hapa ndipo palipokuwa makao makuu.

"Na yeye alikuwa anaamriwa na nani?" akauliza mtoto.

"Na Goa. Mkuu wao wote alikaa India, Goa."

"Na huyo wa Goa?"

"Lisbon."

"Kwa hivyo hapa hapakuwa makao makuu."

Wale wa Kisumu walicheka. Mtembezaji naye alicheka, lakini nilimwona akilitafuna lile swali tulipokuwa tukipanda kwenye mizinga. Mimi pia nililitafuna, na sijalimeza mpaka leo. Maana ukianza kuhesabu namna hiyo, mji huu mkuu unakuponyoka vidoleni. Mfalme Yusuf bin Hasan, ambaye Wareno walimchukua mtoto wakamlea Goa, wakambatiza jina la Dom Jerónimo na kumrudisha kukikalia kiti cha baba zake, alichoka kuwa mfalme wa kuamriwa. Agosti 1631 aliingia Ngomeni, akamwua kapteni na kuitwaa ngome. Mwaka uliofuata akaihama. Wareno wakarudi. Kisha wakaja Waomani, wakaizingira kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698, wakaichukua, na amri zikaanza kutoka Oman badala ya Goa. Kilichobadilika ni upande wa upepo ulioleta barua.

Juu ya mzingiro ule mtembezaji alitaja mizinga, njaa na tauni. Kuna kitu hakukitaja, nami nilikikumbuka kwa sababu niliwahi kukisoma na kikanigusa. Kufikia mwishoni mwa Agosti 1697 tauni ilikuwa imewamaliza Wareno waliokuwa ndani, kapteni wao akafa, na ngome ya mfalme wa Ureno ikabaki mikononi mwa Bwana Daudi wa Faza, jamaa zake kumi na saba, wanaume wanane Waafrika na wanawake Waafrika hamsini. Wiki kadhaa walizilinda kuta hizi mpaka meli za Wareno zilipofika. Wanawake hamsini! Majina yao hayamo popote. Nilimnong'oneza mtembezaji habari hii, naye akasema, "Wallahi mama, hiyo nitaiongeza," na nadhani ataiongeza.

Bibi yangu hakuwahi kusema "Ngome ya Yesu". Alisema Ngomeni, na alipotaka kututisha alisema, "Utalala Ngomeni." Kwake hii ilikuwa jela, nayo kweli ilikuwa jela tangu 1895 hadi 1958, ndipo ikageuzwa kuwa mahali pa kutalii. Lugha yenyewe ina kumbukumbu ndefu kuliko bibi. Gereza, wanavyotueleza wanaisimu, limetoka kwenye neno la Kireno lenye maana ya kanisa. Wareno walikuja na kanisa lao ndani ya kuta hizi, sisi tulioko nje tukalisikia jina, tukatazama waliokuwa wakiingizwa, tukaamua wenyewe maana yake. Na leso niliyojitanda siku ile, jina lake ni la Kireno pia. Dola nzima imekwenda, imetuachia gereza na leso, na meza ya kulia.

Kuna kipindi mtembezaji alikipita mbio, nacho ndicho ningependa akae. Kuanzia katikati ya karne ya 18 Wamazrui, waliokuwa wamewekwa kuwa maliwali wa Oman, waliacha kuitii. Kwa takriban miaka tisini Mombasa ilijiamulia, ikaishika na Pemba. Ukinibana nikutajie wakati ambapo mji huu ulikuwa mkuu kwelikweli, wa watu wake, nitautaja huo, na nitataja kwamba ndio uliotuzalia Muyaka bin Haji, malenga aliyeufanya ushairi kuwa maneno ya barazani na siasa ya siku ile. Wala hawakutawala peke yao. Walihitaji Miji Kumi na Miwili, yaani Tisa Taifa na Thelatha Taifa. Na katika hizo taifa tatu, Wakilindini na Watangana, wa tatu ni Wachangamwe. Changamwe! Leo ukilitaja jina hilo mtu anawaza malori, matangi ya mafuta na foleni ya kwenda uwanja wa ndege. Mtoto aliposikia alidhani nimechanganya.

Mwisho wa Wamazrui unasikitisha kwa namna yake. Walipomwogopa Seyyid Said bin Sultan, mtawala wa Oman, walimwomba nahodha Mwingereza, William Owen, awape bendera, na mwaka 1824 akawapa. Akamwacha luteni wake, John James Reitz, awe mkuu wa mji. Reitz aliugua homa akafa kabla mwaka haujaisha, na jina lake likabaki kwenye maji ya upande wa Changamwe, Port Reitz, ambako kila siku makondakta hulipigia kelele bila kujua wanamwita nani. Miaka miwili baadaye bendera ile iliteremshwa. Mwaka 1837 Seyyid Said aliichukua Mombasa. Wamazrui waliosalimika wakahamia Gazi na Takaungu, yaani bara.

Tulitoka Ngomeni jua limeshakuwa kali. Jengo la mahakama ya zamani, la mwaka 1902, liko hapo hapo mkabala, na mbele yake mtembezaji alitoa hotuba ya mji mkuu wa Waingereza. Himaya ya Afrika Mashariki ilitangazwa tarehe 1 Julai 1895, makao yake Mombasa. Mwaka 1905 serikali ikahamia Nairobi. Kwa nini? Joto na mbu, akajibu mwenyewe, na Wajerumani wakatikisa vichwa huku wakijipangusa jasho. Sina ugomvi na joto. Lakini reli iliyoanzia hapa mwaka 1896 ilikuwa imekwishafika Ziwa Viktoria mwaka 1901, na walowezi walikuwa wanataka mashamba ya nyanda za juu. Serikali iliifuata ardhi. Bandari haihitaji serikali ikae juu yake. Inahitaji tu kutii.

Mtoto alikuwa akihesabu kwa vidole. "Miaka kumi tu?"

"Kumi," nikasema, na sikumwambia kwamba hata hiyo kumi ina walakini: kamishna wa kwanza, Arthur Hardinge, alikuwa pia balozi wa Uingereza Unguja, na huko Unguja ndiko alikokaa. Naye aliagizwa kutoka London. Juu ya ngome, bendera iliyopepea ilikuwa ya Sultani wa Zanzibar, kwa kuwa ukanda huu wa maili kumi ulihesabiwa kuwa wake, umekodishwa tu; na ikapepea mpaka Desemba 1963. Mwenye nyumba Unguja, mpangaji London, msimamizi wa nyumba amehamia Nairobi. Sisi ni watu wa ndani ya nyumba.

"Na sasa anayeamuru hapa ni nani?" mtoto akamtupia mtembezaji.

"Sasa? Sasa ni nyinyi wa Nairobi."

Mtoto alikasirika kidogo, kana kwamba yeye binafsi ametoa amri mbaya.

Mji wa Kale tulioupita kwa miguu, Ndia Kuu na vichochoro vyake, milango ya nakshi, roshani za mbao, msikiti wa Mandhry, bandari ya majahazi, ninyi mnaujua na picha zake mmeziona, sitawachosha. Ila kuna reli nyembamba ambayo haipo tena. Zamani za Waingereza wa kwanza, mabwana wa serikali na wake zao hawakutembea kwa miguu katika kisiwa hiki. Walikaa kwenye vigari vyenye kivuli juu, vikipita kwenye vyuma vilivyotandazwa barabarani, na injini yake ilikuwa wanaume wawili wakisukuma kwa nyuma wakikimbia. Mtembezaji alituonyesha picha kwenye simu yake. Wageni waliwatazama waliokaa. Mimi nilitazama miguu ya wasukumaji, pekupeku, nikajiuliza jioni ikifika ile miguu ilielekea wapi kulala. Hilo halikuwa kwenye maelezo ya safari.

Tulipumzika kwa kahawa thungu na kashata. Hapo ndipo nilipoikumbuka Unguja, ambako nilikwenda mara moja kwenye harusi. Huo ndio mji mkuu wa dola kwelikweli, ikiwa tunatafuta ulinganisho: Seyyid Said alihamisha makao yake kutoka Muscat akayaleta pale, na Muscat ikageuka kuwa ng'ambo ya Unguja. Lakini mji wa mawe pale nao ulikuwa na maji yake ya kuvuka, hori jembamba la bahari, na upande wa pili walikaa watumwa, waliokombolewa, mafundi, wapagazi, wapishi, watu wa kutoka bara. Mtaa ule ukaitwa Ng'ambo, na unaitwa hivyo mpaka leo ingawa hori lilishafukiwa na magari yanapita juu yake. Maji yalifukiwa, neno likabaki limesimama wima. Ninapowasikia wenye mipango wakituambia kwamba daraja likijengwa Likoni tutakuwa mji mmoja, huikumbuka Ng'ambo ya Unguja, nami hunyamaza. Nalitaka daraja. Nimechoka kukanyagwa visigino.

Safari iliisha saa nane. Wajerumani walikwenda zao, na wa Kisumu wakaenda kutafuta biriani. Nikamwuliza mtembezaji kama anaweza kutufikisha Kengeleni. Alishangaa. "Kengeleni ya Kisauni? Mama, hiyo haimo kwenye safari." Nikamwambia najua haimo, nitamlipia nauli na chakula. Akavua kitambulisho akakitia mfukoni, tukapanda matatu, tukavuka daraja la Nyali.

Kwenye njia panda, katikati ya honi, tuktuk na wauza miwa, pana mnara mdogo wenye kengele. Maelfu hupita hapo kila siku, na mahali pamepata jina kutokana nayo, lakini sijamwona mtu akiinua kichwa. Mwaka 1875 wamisheni wa Kianglikana walifungua hapa makazi ya watu waliookolewa kwenye majahazi ya watumwa, wakayapa jina la Sir Bartle Frere. Wahiyao, Wanyasa, Wamakua, watu waliokwisha kupotezwa mbali na kwao wasijue njia ya kurudi. Na wengine waliotoka India, kule Nashik, walikokuwa wamelelewa na kufundishwa ufundi baada ya kukombolewa wakiwa watoto. Kengele ilipigwa wenye watumwa wa kisiwani walipoonekana wakivuka kuja kuwachukua. Yaani ilitundikwa kwa ajili ya upande ule tuliotoka asubuhi: ilikuwa sikio la bara lililotegwa kuelekea mji mkuu.

Mtembezaji hapa hakuwa na maneno tayari. Alitazama juu, mkono kiunoni, kama mimi. Kisha akasema kwa sauti isiyo ya kazi, "Mamake bibi yangu alikuwa Mhiyao. Tumekaa Kisauni hatujui tangu lini. Nimepita hapa tangu chekechea."

"Na wageni huwaleti?"

"Hawaombi, mama."

Mtoto alitaka kujua kama kengele bado inalia. Mama mmoja aliyekuwa akiuza viazi karai kando alimsikia, akamjibu bila kuinua macho kwenye mafuta: "Ilie imwamshe nani, na kelele zote hizi?" Tulikula viazi vyake, tukaongeza ukwaju. Mtembezaji alitueleza kuwa washairi wa kale walipotaja Kongowea walimaanisha Mombasa ya kisiwani. Leo Kongowea ni soko, na liko huku bara, dakika chache kutoka hapo tulipokaa. Nilikuwa sijaliwaza hilo hata siku moja, na nimenunua nyanya Kongowea mara ngapi. Jina la mji mkuu limevuka maji, likaja kukaa kati ya vitunguu na madafu. Sijui walilivusha vipi bila feri.

Tuliagana naye pale. Yeye alikuwa anakwenda Bombolulu, sisi ilitubidi turudi kisiwani ili tufike kwetu, maana kutoka bara hilo kwenda bara letu unapita mjini upende usipende. Saa kumi na moja na nusu tulikuwa kwenye kivuko tena, jua usoni, umati ule ule wa asubuhi sasa ukiwa umegeuza uso. Kifuani bado nilikuwa na kile kikaratasi cha kunata cha safari chenye namba, nimekisahau. Mchuuzi mmoja wa korosho alikiona, akanitajia bei ya wageni.

Katikati ya feri nilimkuta jirani yangu wa nyumba ya tatu, anayefanya kazi kwa watu Kizingo. Huwa anatoka kwake alfajiri kabla ya adhana, ndiyo maana hatuonani. Alikuwa ameegemea nguzo, kikapu mkononi, viatu amevivua amesimama juu yake.

"Mwatoka wapi leo, na mgeni?" akaniuliza.

"Tulikwenda kutembea Mombasa."

"Hata mimi ndiko nitokako," akasema, akahamisha kikapu mkono wa pili, na feri ikagusa bara.